Barua za kukumbusha hazisimamishi muda wa kesi

Mhariri,

Kila TSC, yaani Tume ya Huduma za Walimu ya Kenya, inapomaliza awamu ya kuajiri walimu, wanaolalamika kwamba wamerukwa hawakosi. Baadhi wana hoja nzito: alama za cheti zimejumlishwa vibaya, mwaka wa kuhitimu umeandikwa siwo, au aliye chini kwenye orodha ya ufanisi amepewa barua ya kazi. Lakini hoja nzito iliyochelewa hufa mlangoni mwa korti.

Anayetaka uamuzi ubatilishwe kwa njia ya mapitio ya mahakama, yaani korti kuchunguza jinsi uamuzi ulivyofikiwa, chini ya Amri ya 53 ya Kanuni za Mashauri ya Madai ana miezi 6. Miezi hiyo huhesabiwa tangu tarehe ya uamuzi wenyewe, wala si tangu siku ulipojibiwa barua yako ya tatu. Mahakama ya Rufaa ilikwisha kusema mwaka 1989 kwamba muda huo haurefushwi. Ile miaka 3 inayotajwa sana vijiweni ni ya Sheria ya Ajira ya 2007, na inahusu madai yanayotokana na sheria hiyo au na mkataba wa kazi. Asiyeajiriwa hana mkataba, kwa hiyo asiitegemee miaka hiyo kubatilisha orodha.

Wapo wanaokimbilia ombi la kikatiba chini ya kifungu cha 47 cha Katiba, kinachompa kila mtu haki ya kutendewa haki na ofisi za utawala, kwa kuwa halina kikomo cha muda kilichoandikwa. Ni kweli halina. Hata hivyo jaji atauliza ulikuwa wapi, na Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya 2015 inataka ombi liletwe bila kuchelewa kusiko na sababu. Jaji ana haki ya kuuliza. Baada ya mwaka mmoja, aliyeajiriwa yuko darasani, analipwa mshahara, pengine amechukua mkopo, na bajeti iliyotenga nafasi ile imekwisha. Kumtoa ni kumwadhibu mtu ambaye huenda hakukosa lolote.

Mtego mwingine uko upande wa pili. Sheria hiyo hiyo ya 2015, sehemu ya 9, inataka umalize kwanza njia za rufaa za ndani, la sivyo korti itakurudisha huko, isipokuwa uombe kuondolewa sharti hilo na uonyeshe sababu za kipekee. Hapo ndipo wengi hunaswa: wanaandika, wanasubiri, wanakumbusha, na kumbe miezi 6 inayoyoma. Dawa ni kufanya mambo mawili sambamba: kulalamika TSC na kuandaa kesi.

Siku orodha inapobandikwa, ipige picha tarehe ikionekana. Peleka malalamiko kwa mkurugenzi wa TSC wa kaunti ndani ya muda uliowekwa na mwongozo wa awamu hiyo, nakala iende makao makuu Nairobi, na nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa. Barua isiyo na muhuri ni vigumu kuithibitisha kortini. Siku iyo hiyo, tumia Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016 kuomba karatasi yako ya alama na orodha nzima. Ofisi ina siku 21 kujibu. Mwezi wa tatu ukiisha bila jibu, mwone wakili. Usingoje wa sita: hati ya kiapo, viambatisho na ruhusa ya korti havipatikani kwa wiki moja.

Kesi ikifunguliwa, walimu walioajiriwa waunganishwe kama wahusika, maana amri itawagusa. Omba pia amri ya muda ya kuzuia nafasi unayoipigania isijazwe. Ikishajazwa, hata ukishinda unaweza kubaki na tamko tupu.

TSC nayo isijifiche nyuma ya ucheleweshaji inaousababisha. Kila orodha ichapishwe na tarehe ya uamuzi, siku ya mwisho ya kulalamika na cheo cha ofisa wa kupokea malalamiko, na kila lalamiko lijibiwe kwa maandishi kabla mwalimu aliyeteuliwa hajaripoti shuleni.

Mfuatiliaji wa sheria za ajira,
Nakuru