Barua ya wazi kwa Waziri wa Ulinzi: Mchoraji wa vita apewe ruhusa ya kuona, asipangiwe cha kuchora

Mheshimiwa Waziri,

Kwa heshima naiandikia ofisi yako kuhusu jambo ambalo aghalabu hufika katika wizara ya ulinzi kwa kuchelewa, wakati makumbusho ya jeshi yamekwisha kujengwa na kuta zake zingali tupu: ni nani achore historia ya vita vya taifa, na kwa masharti gani. Mara nyingi suala hilo humalizwa na kamati ya maofisa inayoandika orodha ya mapigano, ikataja makamanda wanaopaswa kuonekana, ikapanga ukubwa wa kila picha, kisha ikamtafuta mchoraji mwenye mkono mzuri wa kuitekeleza orodha hiyo. Ombi langu ni kwamba wizara yako isipite njia hiyo. Mchoraji apewe kibali cha kufika, kuona na kuuliza. Uamuzi wa nini kichorwe, na kichorwe vipi, ubaki kwake. Na mkataba usiwe na kifungu kinachoiruhusu wizara kuikataa kazi kwa sababu ya kile inachokionyesha.

Anayetaka kuona njia ya orodha inafikisha wapi aende katika kasri la Versailles, Ufaransa, ambako mwaka 1837 Mfalme Louis-Philippe alifungua Ukumbi wa Mapigano, wenye urefu wa mita 120 hivi na picha 33 kubwa, kuanzia pigano la Tolbiac la mwaka 496 hadi lile la Wagram la mwaka 1809. Wachoraji walioajiriwa hawakuwa wanagenzi, na Eugène Delacroix mwenyewe alichora pigano la Taillebourg, picha ambayo kwa maoni yangu ndiyo pekee inayomlazimisha mgeni asimame. Nyingi kati ya zilizobaki zinafanana kama sare: kiongozi yuko katikati juu ya farasi, mwanga unamwangukia yeye, na wanaokufa wamepangwa pembeni wasimzibe. Tena tazama orodha ilipoishia. Mtu anaweza kuupita ukumbi wote bila kujua kwamba baada ya ushindi wa Napoleon huko Wagram kulifuata kushindwa kwake Urusi mwaka 1812 na Waterloo mwaka 1815.

Sasa linganisha na habari ya John Singer Sargent. Mwaka 1918, katika Vita vya Kwanza vya Dunia, kamati ya Uingereza iliyoshughulikia kumbukumbu za vita ilimpa mchoraji huyo kazi ya kuchora picha kubwa ya ushirikiano wa majeshi ya Uingereza na Marekani. Sargent, ambaye wakati huo alikuwa na umri wa miaka 62 na sifa yake yote ilitokana na kuchora sura za matajiri, alivuka kwenda Ufaransa, akautafuta huo ushirikiano, na hakupata tukio lililomridhisha. Mwezi Agosti alifika kwenye kituo cha matibabu ambako askari waliodhuriwa na gesi ya haradali walikuwa wakiongozwa kwa safu, macho yao yamefungwa vitambaa, kila mmoja ameshika bega la aliyemtangulia. Picha aliyoikamilisha mwaka 1919, iitwayo Gassed, ina upana wa zaidi ya mita 6, na nyuma ya safu ile, kwa mbali, vijana wengine wanacheza mpira wa miguu. Kamati iliikubali ingawa haikuwa picha iliyoagizwa, nayo leo ni miongoni mwa kazi zinazojulikana zaidi katika makumbusho ya Imperial War Museum jijini London. Kama mkataba ungembana, Uingereza ingekuwa na picha ya maofisa wawili wakipeana mikono.

Sisemi kwamba Waingereza walikuwa na busara kila mara. C. R. W. Nevinson, aliyekuwa mchoraji rasmi wa vita, alichora mwaka 1917 askari wawili wa nchi yake waliokufa, wamelala kifudifudi kwenye matope karibu na seng'enge, na wakaguzi wa jeshi wakakataa picha hiyo isionyeshwe. Alipofanya maonyesho yake mwaka 1918 aliitundika hivyo hivyo, ameifunika kwa ukanda wa karatasi ulioandikwa kwamba imezuiwa. William Orpen naye aliagizwa kuchora wakuu wa mkutano wa amani wa mwaka 1919. Katika picha ya mwisho aliwafuta majenerali na wanasiasa wote aliokuwa ameanza kuwachora, akaweka jeneza lililofunikwa bendera, likilindwa na mizuka miwili ya askari walio nusu uchi. Makumbusho ya Imperial War Museum yaliikataa, na hayakuipokea hadi mwaka 1928, baada ya Orpen kuipaka rangi mizuka ile isionekane tena. Kazi ya Nevinson iliishia katika mkusanyiko wa taifa ikiwa kamili. Ya Orpen iliingia imekatwa ulimi. Tofauti ya hatima hizo mbili ndiyo ninayoiomba wizara yako iitafakari.

Najua hoja ya kwanza itakayotolewa na washauri wako ni usalama, na ina uzito wake. Mchoro wa penseli unaoonyesha mahali pa mitambo au njia ya msafara unaweza kumfaa adui sawasawa na picha ya kamera, na hakuna mchoraji mwenye akili timamu atakayekataa mchoro wa namna hiyo ushikiliwe hadi hatari ipite. Ila Nevinson hakuzuiwa kwa sababu ya siri yoyote. Maiti hazikuwa siri, zilikuwa aibu. Basi mkataba utenganishe mambo hayo mawili kwa maneno yasiyo na utata: jeshi linaweza kuchelewesha kuonyeshwa kwa picha kwa sababu za kiusalama, kwa maandishi na kwa muda uliowekwa, lakini haliwezi kuibadilisha wala kuikataa kwa sababu za heshima au ari ya askari.

Hoja ya pili ni ngumu zaidi, nayo ni ya ukweli. Mwaka 1993 Peter Howson alitumwa kwenye vita vya Bosnia akiwa mchoraji rasmi wa Uingereza, na miongoni mwa picha alizoleta kulikuwa na moja, Croatian and Muslim, inayoonyesha mwanamke akibakwa na wanaume wawili. Imperial War Museum ilichagua picha nyingine. Moja ya hoja zilizozuka ni kwamba mchoraji hakuwa amelishuhudia tendo hilo kwa macho yake, bali aliijenga picha kutokana na simulizi za walioathirika. Picha hiyo ilinunuliwa na mwanamuziki David Bowie, na taifa likaikosa. Hoja ile inasikika kama ya haki hadi pale mtu anapokumbuka kwamba hakuna hata mchoraji mmoja wa Versailles aliyekuwapo Tolbiac. Kushuhudia hakumaanishi kusimama mita 5 kutoka kwenye tukio. Henry Moore, alipochora watu waliojihifadhi kwenye vituo vya treni za chini ya ardhi jijini London wakati wa mabomu ya Vita vya Pili vya Dunia, aliona ni utovu wa adabu kukaa mbele ya waliolala na kuwachora, akawa anaandika vidokezo na kuchora baadaye kwa kumbukumbu, na michoro ile haikupungukiwa ukweli kwa sababu hiyo. Kinachotakiwa ni mchoraji aeleze kwa maandishi alichokiona, alichosimuliwa na alichokibuni, na maelezo hayo yahifadhiwe pamoja na picha.

Kuna pia suala la nani huchorwa, ambalo orodha za maofisa hulisahau kwa urahisi usio na nia mbaya. Jeshi halitembei kwa makamanda peke yao. Laura Knight alimchora mwaka 1943 msichana fundi, Ruby Loftus, akichonga sehemu ya mzinga kwenye mashine kiwandani, na picha hiyo inaeleza jinsi vita vile vilivyopiganwa kuliko sura nyingi za majenerali. Wapishi, wauguzi, wapagazi, wachimba makaburi na wanakijiji waliopitiwa na majeshi ya pande zote mbili wana nafasi yao, na mchoraji aliyeachiwa huru huwaona mapema, kwa kuwa ndio anaokaa nao akisubiri kibali cha kwenda mbele.

Tena wizara isidhani kwamba ikikaa kimya historia haitachorwa. Huko Shaba, yaani jimbo la Katanga, katika miaka ya 1970, mchoraji Tshibumba Kanda Matulu alichora historia ya Zaire katika picha takriban 100, akaonyesha ukoloni, kukamatwa kwa Lumumba na vita vya kujitenga kwa Katanga, na kumweleza mtafiti Johannes Fabian maana ya kila picha kwa Kiswahili cha huko. Hakutumwa na wizara yoyote. Mkusanyiko ule leo uko Amsterdam, na nadhani waziri yeyote wa ulinzi angependelea picha za vita vya taifa lake zisihitaji pasipoti ili zitazamwe.

Nimalizie kwa habari ya Japani, kwa sababu inahusu picha ambazo serikali ilizipata kama ilivyozitaka. Wakati wa Vita vya Pili vya Dunia jeshi la Japani liliagiza picha nyingi za kumbukumbu ya vita, na Wamarekani walizichukua 153 baada ya kushinda. Walizirudisha mwaka 1970, si kama mali bali kama mkopo usio na kikomo, nazo zimehifadhiwa katika Makumbusho ya Taifa ya Sanaa ya Kisasa jijini Tokyo. Fujita Tsuguharu, mmoja wa waliozichora na aliyekuwa maarufu kuliko wenzake, alilaumiwa vikali na wasanii wenzake, akaondoka nchini mwaka 1949 na baadaye akachukua uraia wa Ufaransa. Waliotoa maagizo walikuwa maofisa. Aliyebeba lawama alikuwa mtu mwenye brashi.

Kwa hiyo naomba wizara yako itamke hadharani mambo yafuatayo kabla ya kumteua mchoraji yeyote: kwamba uteuzi utafanywa na jopo ambalo wengi wake ni wasanii na wanahistoria wasio watumishi wa jeshi, kwamba mchoraji atalipwa kwa muda na kazi yake, picha ipendeze isipendeze, kwamba michoro ya awali na daftari zake zitanunuliwa pamoja na picha kubwa, kwa kuwa mara nyingi ndimo ukweli ulimo, na kwamba picha ambayo haitatundikwa itahifadhiwa ghalani bila kuguswa, ikiwa imeorodheshwa na kufunguliwa kwa yeyote atakayeomba kuiona. Ningeshukuru kupata jibu la maandishi, hasa kuhusu kifungu cha haki ya kukataa kazi, na kama wizara inakusudia kukibakiza, basi itaje ni ofisa gani atakayekitumia.

Wako mwananchi, kwa heshima.