Malalamiko dhidi ya fundi wenu aliyefuta mchezo wangu wa Blast Corps mbele ya macho yangu

Kwa Meneja Mkuu,
Dar es Salaam

YAH: KUFUTWA KWA FAILI LA MTEJA, KUBADILISHWA KWA KIFAA CHAKE NA KUDHALILISHWA KAUNTA

Ndugu Meneja,

Naanza kwa salamu, kwa sababu nililelewa hivyo. Namba ya kazi yangu mnayo kwenye daftari, kamera mnayo juu ya kaunta, na masharti ya kupokea vifaa vya wateja mmeyabandika ukutani kwa mikono yenu, kwa hiyo sina haja ya kuwaeleza mimi ni nani wala utaratibu wenu unasemaje. Lisome lile sharti linalohusu taarifa za mteja, kisha urudi kwenye barua hii.

Nilileta pedi. Pedi ya mkononi ya kuchezea Nintendo 64, mashine ya magemu ya zamani, kijiti chake cha kuelekezea kwa kidole gumba kimelegea, ugonjwa ambao fundi yeyote wa magemu ya zamani anaujua: plastiki za ndani husagana, zinatoa unga mweupe, mwisho kijiti kinalala upande na hakirudi. Mashine na kaseti mlizitaka ninyi, mkasema pedi haijaribiwi hewani. Sawa. Nikaacha vyote, nikalipa Sh 85,000 taslimu, nikaambiwa njoo kesho. Kesho ikawa Jumatatu, Jumatatu ikawa "fundi katoka kidogo". Hayo yote nilikuwa nimeshayasamehe kabla ya siku ile.

Siku ile sijaisamehe. Nimesimama kaunta, TV yenu imewashwa, nyaya za njano, nyekundu na nyeupe zimechomekwa. Fundi wenu, kijana mwenye fulana ya kampuni, akaniambia anataka kunionyesha pedi imepona. Akaiwasha Blast Corps. Faili langu, yaani kumbukumbu ya hatua na medali zangu zote, likatokea. Akalifuta. Hakuniuliza, na nilikuwa karibu naye kiasi cha kumshika bega. Nikamwambia, "Kijana, hilo ni faili langu." Akajibu bila kugeuza shingo, "Si utaanza upya tu mzee, kwanza gemu yenyewe ya mwaka gani hii?" Watu waliokuwa kwenye foleni wakacheka.

Ya mwaka 1997, kama alikuwa anauliza kweli. Imetengenezwa na Rare, kampuni ya Twycross huko Uingereza, ikatolewa na Nintendo. Marekani na Japani waliipata mwezi Machi, Ulaya wakasubiri hadi Septemba. Japani inaitwa Blastdozer. Fundi anayejitangaza kuwa bingwa wa magemu ya zamani nilitegemea ajue angalau hilo, lakini tuliache.

Nadhani ofisini kwenu hakuna aliyeelewa kilichofutwa, ndiyo maana kila ninayezungumza naye ananijibu kama nimedondosha pipi. Kwenye gemu hii kuna lori lililobeba makombora mawili mabovu ya nyuklia. Lori linakwenda lenyewe, polepole, njia iliyonyooka, na halisimami wala halikwepi. Likigusa ukuta wa nyumba, linalipuka na kila kitu kimekwisha. Kazi yako ni kutangulia mbele yake ukibomoa kila jengo lililo njiani kabla halijafika. Una tingatinga liitwalo Ramdozer, una tipa liitwalo Backlash, una pikipiki ya makombora, una maroboti, mojawapo hupaa na kuanguka juu ya paa. Kila chombo kina namna yake ya kubomoa, na mara nyingi unachokihitaji kimeegeshwa ng'ambo ya maji au nyuma ya reli, kwa hiyo lazima kwanza ufikirie umpitishe nani wapi, usukume boksi gani lijaze shimo lipi, huku lori linakuja. Watoto wanaona mabomu tu. Mtu mzima anayecheza anapiga hesabu.

Hatua zake ni 57. Kuna wanasayansi 6 waliofichwa humo wa kutafutwa, na ukimaliza dunia unapelekwa mwezini na kwenye sayari nyingine. Kisha zinakuja medali. Ukipata dhahabu zote unadhani umemaliza, kumbe inafunguka platinamu, ambayo muda wake umewekwa na watu wasio na huruma. Faili langu lilikuwa na platinamu. Ile ya hatua ya Diamond Sands pia ilikuwemo, na anayeijua Diamond Sands atanielewa nikiishia hapo.

Sitaishia hapo, maana inahusu pedi. Backlash haligongi kwa mbele. Ukiligongesha kwa pua halifanyi kitu cha maana. Inabidi uje kwa kasi, ulikate pembeni, uache sehemu ya nyuma izunguke yenyewe ipige ukuta, kama mama aliyebeba ndoo mbili anavyosukuma mlango kwa nyonga. Ukizidisha kijiti kidogo tu umezunguka ukatazama ulikotoka. Ukipunguza, umeteleza ukalipita jengo. Kila kitu kiko kwenye kidole gumba. Sasa kijiti mlichoniwekea ninyi, kile cha bei rahisi mlichokiita "orijino kabisa", kina hali mbili: hakiendi au kimeenda chote. Katikati hakuna. Kwa hiyo hata hiyo kazi ya Sh 85,000 haikufanyika, na kijiti changu cha zamani, ambacho kilikuwa mali yangu hata kikiwa kibovu, hamkunirudishia. Nilipouliza nikaambiwa kimetupwa.

Nilipiga simu huduma kwa wateja. Dada aliyepokea alikuwa na adabu, namshukuru, lakini alichoniambia kimenikaa rohoni: "Gemu hiyo ipo kwenye Switch, baba, utaipata mtandaoni." Najua ipo. Switch ni mashine ya siku hizi ya Nintendo, na gemu ipo kwenye huduma yake ya mtandaoni tangu Februari 2024, na kabla ya hapo ilikuwa kwenye Rare Replay, mkusanyiko wa magemu ya Rare uliotoka kwenye mashine ya Xbox One mwaka 2015. Dada yangu, humo mtandaoni medali zangu zimo? Mtu akikuchomea albamu ya picha za harusi, utaridhika ukiambiwa kamera bado zinauzwa? Akaniomba namba ya risiti ya mashine. Risiti ya mashine sikupewa. Nilipewa kipande cha karatasi kilichoandikwa kwa kalamu, na nitalirudia suala hili chini kwa sababu mnaonekana hamjui uzito wake.

Kabla ya hapo kuna jambo ambalo kwenye simu sikulisema kwa sababu nilikuwa sijaligundua. Mashine yangu ilikuwa na kifaa cha kuongeza kumbukumbu, kile chenye kichwa chekundu kinachokaa mbele chini ya kifuniko. Blast Corps haikihitaji. Ndiyo maana mlidhani sitajua. Nilipoweka Donkey Kong 64, ambayo bila kifaa hicho haichezeki, ikagoma. Nikafungua kifuniko: kichwa chekundu hakipo, kuna kile cha kawaida ambacho hakiongezi chochote. Na Nintendo 64 haitoi picha ikiwa tundu lile ni tupu, wewe unalijua hilo, na aliyekitoa alilijua vizuri zaidi. Hakikudondoka. Hakikusahaulika mezani. Mtu alikichomoa, akatafuta kingine cha kuziba pengo, akakichomeka, akafunika, akafuta na vumbi juu. Mashine yangu haijawahi kurudi safi kama siku hiyo.

Sasa naomba turudi pale kaunta, kwa sababu nilivyoandika mwanzo nimewastahi.

Sikumwambia mara moja tu. Alipofungua faili, ramani ya dunia ya mchezo wangu ikatokea kwenye TV, hatua zote zimejaa, na yule mwanafunzi wenu anayejifunza ufundi, mtoto mdogo kabisa, akasema kwa sauti iliyosikika, "Bro, hilo faili la mtu." Mtoto aliona. Nami nikanyoosha mkono juu ya kaunta nikasema, "Subiri kijana, subiri kwanza." Fundi akanitazama. Alinitazama usoni, Ndugu Meneja, kisha akabonyeza. Hakuteleza, wala hakudhani ni faili la duka. Akaanzisha mchezo mpya juu ya wa kwangu, dunia nzima ikabaki na hatua ya kwanza tu, Simian Acres, na ndipo akasema lile neno la kuanza upya. Mteja mmoja akaongeza, "Mzee naye na magemu." Fundi akacheka naye, akampa tano. Akampa tano mbele yangu, kwa mkono uleule ulioshika pedi yangu.

Halafu akacheza. Nataka hili liandikwe kwenye faili lake la ajira. Simian Acres huwekwa mwanzo ili mtu ajifunze. Unapewa tingatinga, unasukuma, basi. Fundi wenu bingwa alizunguka na Ramdozer akigongagonga pembeni, lori likafika, likagusa jengo, likalipuka. Akaniwekea pedi mezani akasema, "Umeona? Inafanya kazi."

Nina nywele nyeupe. Wajukuu wangu huniamkia wakiwa bado mlangoni. Sijawahi kusimama mbele ya kijana wa umri ule nikiwa sina la kusema, na siku ile sikuwa nalo. Nilichukua mfuko wangu nikaondoka, na kile kicheko nikakisikia hadi ngazi za chini.

Nilichodai mwanzoni kilikuwa kidogo. Nilitaka kuombwa radhi tu. Nilipopiga simu, hilo ndilo nililoomba, na kama dada yule angelisema "tusamehe baba" badala ya kunitajia Switch, huenda ningenyamaza nikaugulia nyumbani. Mlikuwa na nafasi hiyo. Sasa haipo.

Nataka Sh 85,000 zangu zirudi zote, si nusu, wala si "tutakukata kwenye kazi ijayo". Kazi ijayo haipo. Nataka kifaa changu chenye kichwa chekundu, na nikisema changu namaanisha kilekile. Kina mkwaruzo upande wa kulia ninaoujua mimi. Nataka kijiti changu cha zamani hata kama mtakitafuta jalalani. Nataka barua ya kuomba radhi yenye sahihi yako wewe, na aisome fundi mwenyewe kwa sauti, kaunta, saa ambayo foleni imejaa. Haya myatimize ifikapo Ijumaa.

Kuhusu faili, najua halirudi. Zile data zikishaandikiwa juu ndiyo basi. Lakini kwa kuwa fundi alisema kuanza upya ni jambo la "tu", napendekeza aanze yeye. Nitaleta kaseti, mtamwekea TV na kiti, naye atazirudisha medali zangu zote hatua zote 57, baada ya saa za kazi, kwa kijiti hichohicho alichonifungia, bila mshahara wa ziada. Asiondoke mpaka platinamu ya Diamond Sands iwe imekaa. Ukizikamilisha platinamu zote, gemu yenyewe hukupa cheo cha mwisho kinachokuambia kwamba sasa unaweza kuacha. Akikiona cheo hicho nami nitaacha.

Mkiona hilo ni mzaha, basi nilete lisilo na mzaha. Kipande cha karatasi mlichonipa badala ya risiti ya EFD nimekihifadhi kwenye nailoni. TRA wanasema ukiuza toa risiti, ukinunua dai risiti. Nami nitadai, ila nitadai mezani kwao, nikiwa na tarehe, kiasi na mwandiko wa mtu wenu. Kuhusu kifaa kilichobadilishwa, Tume ya Ushindani ipo, na kumlinda mlaji ni sehemu ya kazi yake chini ya Sheria ya Ushindani ya mwaka 2003. Kuhusu kilichochomolewa, huo kwangu ni wizi, na wizi hupelekwa polisi. Picha za kamera za siku ile naomba msizifute. Nalisema hili waziwazi ili baadaye mtu asije akaniambia kamera ilikuwa mbovu wiki hiyo. Mkifuta na hizo, itakuwa mara ya pili mnafuta kitu changu nikiwaangalia.

Juu hapo nimeandika Ijumaa. Nimeisoma barua tangu mwanzo na nimebadili. Ni Jumatano, saa sita mchana. Jibu liwe la maandishi, lije na mtu mwenye kitambulisho, akiwa na fedha na kifaa mkononi. Msinitumie ujumbe wa WhatsApp wenye picha ya mikono iliyofumbatwa. Na huyo mtakayemtuma, mwambieni akifika aniamkie kwanza.

Wasalaam,

Mteja wenu hadi Jumatano

Nakala, ikifika Alhamisi bila jibu:
Mamlaka ya Mapato Tanzania (TRA)
Tume ya Ushindani (FCC)
Kituo cha Polisi