Mmea wa Amani haujahamia Uhispania

Mhariri,

Habari za taasisi kuingiza vielelezo vya mimea, yaani mimea iliyokaushwa kwenye karatasi zenye lebo, "kwenye mfumo" wa kompyuta huishia siku ya uzinduzi. Skana zimenunuliwa, wachapaji wamelipwa, mgeni rasmi amekata utepe. Kazi ya kanzidata huanzia hapo, na hapo hapo ndipo bajeti hukauka.

Chukua Amani, Usambara Mashariki: latitudo 5°06′ kusini, longitudo 38°38′ mashariki. Kanzidata hutaka desimali, kwa hiyo dakika hugawanywa kwa 60, tunapata -5.10 na 38.63. Mchapaji akisahau alama ya kutoa, mmea wa Amani unaota kusini mwa Ethiopia. Akipishanisha namba hizo mbili, unaota Uhispania. Hayo ni makosa yenye nafuu, kwani ramani huyaumbua papo hapo. Baya ni la anayeandika 38.38 akidhani dakika ndizo desimali. Kielelezo kimesogea kilomita 28 hivi magharibi, kimevuka bonde la Lwengera, na bado kiko Tanzania, bado mkoani Tanga. Programu haitalalamika. Mtafiti anayekadiria mmea unastahimili joto na mvua kiasi gani atasoma hali ya hewa ya mahali ambapo haujawahi kuota. Dawa yake ni kulinganisha mwinuko ulioandikwa kwenye lebo na mwinuko wa nukta ile ramanini. Vikipishana kwa mita mia kadhaa, rudi kwenye lebo.

Majedwali ya kompyuta nayo yana ujuaji wao. Namba ya mkusanyaji "3-12" hugeuzwa tarehe bila mtu kuulizwa. Safu ipangwe kuwa ya maandishi kabla ya kuchapa. Ukishahifadhi faili, kuipanga upya hakurudishi kilichoandikwa.

Kisha kuna majina. Ua maarufu la Usambara lilielezwa kisayansi mwaka 1893 kwa jina la Saintpaulia. Mwaka 2015 jenasi nzima ikaingizwa katika Streptocarpus. Anayefuta jina la zamani na kuweka jipya ameharibu ushahidi. Jina la kwenye lebo libaki kwenye safu yake kama lilivyo, hata kama limekosewa herufi, na jina linalokubalika sasa likae safu nyingine. Vivyo hivyo "Tanganyika" ya kwenye lebo: usiisahihishe, iongezee "Tanzania" safu nyingine.

Picha ya lebo si pambo. Hebaria ya Berlin, yaani hifadhi yake ya mimea iliyokaushwa, iliungua kwa mabomu Machi 1943, na vielelezo vingi vilivyotumiwa kueleza spishi mara ya kwanza, kutoka iliyokuwa Afrika Mashariki ya Kijerumani vikateketea. Nakala zilizokuwa zimepelekwa kwingine ndizo zinazotegemewa leo. Rekodi isiyo na picha haihakikiki tena karatasi ikiliwa na wadudu.

Rekodi zinapofika GBIF, mtandao wa kimataifa wa data za viumbe wenye sekretarieti Copenhagen, watumiaji huripoti makosa kwa taasisi iliyozitoa. Mara nyingi ripoti hizo huangukia barua pepe ya mradi ambayo mwenye nywila yake aliondoka mkataba ulipokwisha. Ndiyo maana tunawaomba wanaoidhinisha fedha za miradi hii: kabla ya kusaini, ulizeni nani atakayefungua barua pepe hiyo mwaka wa nne, na analipwa na kasma ipi.

Wahakiki wa data za mimea,
Morogoro