Tuleteeni na Kawadwa kwa Kiswahili

Ndugu Mhariri,

Makala yenu ya Jumapili iliyopita, ile ya tamthilia za Kenya zilizokwenda Lagos kwenye FESTAC, tamasha la sanaa na utamaduni wa Waafrika, mwanzoni mwa 1977, niliisoma mara mbili, kisha nikaibandika ubaoni darasani kwangu. Mmeeleza vizuri jinsi kazi ya Francis Imbuga na ile ya Ngũgĩ wa Thiong'o na Mĩcere Mũgo, zilizoandikwa kwa Kiingereza, zilivyotufikia baadaye kwa Kiswahili zikiwa Usaliti Mjini na Mzalendo Kimathi. Nashukuru sana.

Lakini majirani walikuwepo pia Lagos, nanyi hamkuwataja. Uganda ilipeleka Oluyimba lwa Wankoko, tamthilia ya nyimbo kwa Kiganda. Aliyeitunga ni Byron Kawadwa, mkurugenzi wa ukumbi wa taifa wa maigizo hapa Kampala, na muziki ulikuwa wa Wassanyi Serukenya. Imbuga alirudi Nairobi, akafundisha na kuandika hadi alipofariki 2012. Kawadwa alirudi Kampala, na hata mwaka haujasonga watu wa State Research Bureau, majasusi wa Rais Idi Amin, wakamchukua wakamuua. Ni majira yaleyale aliyouawa Askofu Mkuu Janani Luwum, tarehe 16 Februari 1977.

Wankoko ni jogoo, na waliomtazama jukwaani akijitwalia ufalme waliona yaliyompata Kabaka Mutesa, mfalme wa Buganda, mwaka 1966, kiongozi wa nchi Milton Obote alipotuma jeshi kuvamia ikulu ya Mengo. Mwaka 1971 Amin akampindua Obote, na kumsema Obote hakukumtia mtu hatiani. Ila aliyeliongoza jeshi lile kwenda Mengo alikuwa Amin mwenyewe! Kwa hiyo kila mwaka utawala wake ulipozidi kumwaga damu, lile vazi la jogoo lilizidi kumkaa yeye. Mwandishi hakuhitaji kubadili hata mstari mmoja.

Kuandika chini ya wanajeshi kulikuwa hivyo. Robert Serumaga, mtunzi mwingine wa Uganda, naye mwaka 1974 alitoa Amayirikiti, mchezo usio na maneno, miili ya waigizaji peke yake ikisimulia mauaji. Askari angekamata sentensi gani? Baadaye Serumaga alikwenda uhamishoni, akaingia katika harakati za kumng'oa Amin, akawa waziri baada ya Kampala kukombolewa Aprili 1979, na mwaka uliofuata akafariki Nairobi. Mtunzi mwenzao John Ruganda aliandika akiwa Nairobi. Kawadwa alibaki. Aliandika kwa lugha ya mama zake, kwa watu waliokuwa wakijaza ukumbi uleule hatua chache kutoka bungeni, na kilima cha Nakasero, makao ya wale waliokuja kumchukua, kikiwa hapo juu tu.

Sasa niseme kwa nini nawaandikia ninyi, gazeti la Kiswahili. Nafundisha Kiswahili hapa Kampala. Muhula uliopita mzee mmoja alimleta mjukuu wake shuleni, akasimama mlangoni darasa likiimba shairi. Aliniambia kwa upole, "Nnyabo (yaani bibi), mimi lugha hii niliisikia barabarani tu. Fungua buti. Lala chini." Alipoyasema maneno hayo mawili sauti yake ilibadilika, mkono ukaushika mlango. Nilikosa la kumjibu. Watani zangu wa Dar es Salaam na Mombasa hushangaa kwa nini Waganda wengi wa rika lake hawakitaki Kiswahili, hudhani ni maringo. Amin alikitangaza kuwa lugha ya taifa mwaka 1973, kwa amri, na wengi walikisikia kwanza kinywani mwa mtu mwenye bunduki. Hata alipokwisha kuondoka, misako ya askari iliyokuja baadaye watu waliiita "panda gari". Mpaka leo ukitaja maneno hayo kuna watakaonyamaza.

Ndiyo maana naomba Wankoko aletwe kwa Kiswahili. Wachapishaji wa Nairobi na Dar es Salaam, kaeni na familia ya marehemu na wenye haki za muziki, mwombe ruhusa kwa heshima na mlipe inavyostahili. Msimpe kazi hii mfasiri wa kukaa na kamusi. Mpeni malenga anayejua mizani, tena akae na Mganda anayezijua zile nyimbo, kwa sababu kazi hii huimbwa, na ukiipoteza ngoma yake umebaki na karatasi. Lugha zenyewe ni ndugu: oluyimba ni wimbo, okuyimba ni kuimba, enkoko ni kuku. Wanafunzi wangu waligundua hayo wenyewe, wakacheka, wakaanza kutafuta mengine.

Wanafunzi wa Kenya wamesoma habari za Kafira, nchi ya kubuni ya Imbuga yenye mtawala asiyepingwa. Wanastahili kumsoma na yule aliyekuwa akiandika ndani ya nchi ya namna hiyo, isiyo ya kubuni. Nami ningependa siku moja nimwalike yule mzee aje akae kiti cha mbele, awasikilize watoto wakimwimba Kawadwa kwa lugha hii.

Mwalimu wa Kiswahili,
Kampala, Uganda