Barua ya malalamiko: matembezi ya chakula na historia yaliyotupitisha mbali na wenye chakula na historia

Lubumbashi, tarehe 2 Septemba 2024

Kwa Bwana Mkurugenzi wa kampuni ya matembezi ya mjini,
Lubumbashi

YAHUSU: Matembezi ya tarehe 24 Agosti na ombi la kurudishiwa nusu ya malipo

Bwana Mkurugenzi,

Nakuandikia kulalamika juu ya matembezi ya Jumamosi tarehe 24 Agosti, ambayo familia yangu iliyalipia ofisini kwenu. Tulikuwa watu watano: mimi, mama yangu mzazi, na watoto watatu wa kaka yangu waliokuja likizo kutoka Ubelgiji. Tangazo lenu lilisema tutatembea kwa miguu kutoka stesheni ya reli hadi mtaa wa Kamalondo na soko la mtaa wa Kenya hapa mjini, tutakula kwa akina mama wanaopika huko huko mitaani, na tutasimuliwa maisha ya wafanyakazi wa migodi kwa Kiswahili. Nililipa dola 30 kwa kila mtu, jumla dola 150, na risiti ninayo.

Nianze na kilichokuwa kizuri, maana sikuja kuchafua jina la mtu. Kijana wenu aliyetuongoza ana adabu na amesoma. Pale stesheni alieleza vizuri jinsi reli ilivyofika kutoka kusini mwaka 1910 na mji ukaanza mwaka huo huo ukiitwa Élisabethville. Mbele ya sinagogi aliwasimulia watoto habari za Wayahudi waliotoka kisiwa cha Rhodes kuja kufanya biashara hapa Katanga, na watoto walimsikiliza. Historia hiyo nayo ni yetu, sina ugomvi nayo.

Lakini tulikaa katikati ya mji kwa zaidi ya saa mbili. Kanisa kuu la Petro na Paulo, jengo la 30 Juni, Posta, nyumba za mabwana wa zamani, kila ukuta ulikuwa na maelezo yake, na yote kwa Kifaransa. Mama yangu alizaliwa katika kambi ya Union Minière, kampuni ya migodi ya wakati wa ukoloni, na lugha yake ni Kiswahili. Nilipomkumbusha kiongozi kwamba tangazo lilisema Kiswahili, alijibu kwamba maneno aliyopewa na ofisi ameyakariri kwa Kifaransa. Ikawa mimi namtafsiria mama, huku kundi limeshatangulia.

Tena katika maneno hayo ya ofisi kuna jambo ambalo siwezi kulinyamazia. Watoto waliambiwa kwamba kabla ya Wabelgiji hapa palikuwa pori tupu na shaba iligunduliwa na Wazungu. Bwana Mkurugenzi, shaba ya nchi hii ilichimbwa na kuyeyushwa na wazee wetu karne nyingi kabla ya hapo. Misalaba ya shaba ilitembea kama fedha mpaka mbali sana. Mgodi ambao Union Minière iliuita Étoile ulikuwa na jina lake, Kalukuluku, na wenyeji walikuwa wanachimba shaba pale kabla Mzungu hajaonyeshwa mahali penyewe. Ufalme wa Msiri kule Bunkeya ulitajirika kwa biashara ya shaba hiyo na ya pembe, mpaka mfalme huyo alipouawa mwaka 1891. Mtoto aliyezaliwa Ulaya akiambiwa "pori tupu", ataondoka akiamini babu zake walikuwa wamekaa tu wakingoja kufundishwa.

Kisha tukafika mahali ambapo matembezi yenyewe yalipaswa kuanza, na hapo ndipo mlipotupandisha kwenye minibasi.

Unajua pale kati ya mji na Kamalondo palikuwa na nini. Wakoloni waliacha ukanda mpana wa ardhi bila nyumba, wakauita eneo lisilo la upande wowote, ili mji wa Wazungu ukae mbali na mji wa Weusi. Asubuhi wapishi, makarani na watunza bustani waliuvuka kwenda kazini, jioni wakarudi, na usiku Mweusi hakuweza kuonekana upande wa pili bila karatasi. Mguu ndio unaoelewa jambo hilo. Mtu akitembea kutoka upande mmoja hadi mwingine, hata leo pamejengwa, anapata kujua umbali ule ulikuwa na maana gani kwa mtu aliyechoka. Sisi tulipitishwa pale kwa dakika chache, vioo vimefungwa kwa sababu ya vumbi, na kiongozi hakusema neno. Matembezi ya miguu yakapanda gari mahali penyewe pa kutembea!

Kamalondo, mtaa wa zamani kuliko yote ya Waafrika iliyobaki mjini, tuliuona kwa dirishani. Tulionyeshwa uwanja wa TP Mazembe tukaambiwa tupige picha. Ni uwanja mzuri na timu ni yetu, lakini mpira wa mji huu una habari nyingine pia. Nilimwomba kiongozi awaeleze watoto juu ya tarehe 9 Desemba 1941, siku ambayo wafanyakazi wa Union Minière, waliogoma kwa sababu vita vilipandisha bei na mshahara ukabaki ule ule, walikusanyika kwenye uwanja wa mpira na askari wakawafyatulia risasi. Léonard Mpoyi, aliyesema kwa niaba ya wenzake, aliuawa siku hiyo. Serikali ya kikoloni ilitoa hesabu yake ya wafu, na watu wa kambi walihesabu wengi zaidi. Kiongozi alinijibu: "Mama, hiyo ni siasa, ofisi haitaki tuingie humo." Sasa mnauza historia ya wafanyakazi wa migodi bila mgomo wao mkubwa na bila wafu wao. Mmebakiza nini?

Jambo lililoniumiza kuliko yote lilitokea ndani ya gari hilo hilo. Mama alianza kuwasimulia wajukuu wake habari za posho. Aliwaambia jinsi kila wiki watu wa kambi walivyopanga mstari na mifuko yao kupimiwa unga wa mahindi, samaki mkavu, mafuta ya mawese, karanga na chumvi, na jinsi mwanamke alivyopaswa kuandikwa kwenye kitabu cha mumewe ili naye apimiwe. Watoto waliacha simu zao wakamgeukia. Mdogo akauliza, "Bibi, na kama unga ukiisha kabla ya siku?" Mama alipofungua kinywa kujibu, kiongozi akamkatiza: "Mama, samahani, tunachelewa chakula." Mama akanyamaza, na hakusema tena mpaka tuliporudi nyumbani.

Katika gari zima yeye peke yake ndiye aliyekuwa amekula posho ile. Bukari, yaani ugali wa mahindi tunaousonga kila siku Lubumbashi, ilikua mezani kwetu kwa njia hiyo. Union Minière iliwalisha mahindi watu waliotoka Kasai, Maniema, Rwanda na Rhodesia, wengine wamezoea muhogo, wengine ndizi, mpaka wote wakawa watu wa unga mmoja. Hata sasa, mpaka wa Kasumbalesa, wa kwenda Zambia, ukifungwa siku chache tu, bei ya unga inasikika katika kila nyumba. Hiyo ndiyo historia na chakula kwa pamoja, mliyoiahidi kwenye tangazo, na mlikuwa nayo bure kwenye kiti cha nyuma.

Chakula sasa. Hatukula kwa akina mama. Tulipelekwa mkahawa wa mjini wenye vitambaa vyeupe, bukari imeshapoa na kugeuka ngumu, sombe, yaani kisamvu, haina karanga wala harufu ya mawese. Orodha iliandika "uyoga mbichi wa msituni". Mwezi wa Agosti! Bowa, uyoga wetu wa porini, inatoka mvua ikishanyesha, na Agosti ardhi ya Katanga imekauka kama tofali. Tuliletewa uyoga wa kopo. Orodha iliandika pia "samaki wa Mwero", yaani wa ziwa hilo, na sahanini akaja Thomson, samaki wa baharini wa kugandishwa anayeuzwa kwa katoni mji mzima. Thomson ni chakula cha heshima, amelea watoto wetu wengi, lakini si samaki wa Mwero. Samaki wa ziwa Mwero na mto Luapula ana safari yake. Wafanyabiashara Wagiriki walimnunua mjini Kasenga, wakampakia kwenye barafu na kumleta kwa lori kulisha kambi za wachimbaji, na barabara ya Kasenga mpaka leo inaingia mjini kwa jina hilo. Mngeweza kusimulia hayo mbele ya sahani yenye samaki wa kweli. Mlichagua kuwaongopea wageni.

Chikanda aliielezea kiongozi kuwa ni keki ya maharagwe. Chikanda ni viazi vidogo vya maua ya porini yaitwayo okidi, vinakaushwa, vinatwangwa na kupikwa na unga wa karanga mpaka vishikane. Mwuzaji yeyote wa soko la Kenya angemwambia, tena angemweleza kwamba viazi hivyo vinazidi kuadimika porini kwa kuchimbwa mno. Munkoyo watoto walikatazwa kwa kuwa eti ni pombe. Munkoyo uliopikwa jana, uji wa mahindi uliotiwa mizizi yake, ni kinywaji kitamu wanachopewa hata watoto wadogo. Ukilazwa siku nyingi, hapo ni habari nyingine.

Mwisho mlitushusha dakika chache kando ya soko la Kenya, na wageni wengine wakaanza kumpiga picha mama mmoja anayeuza munkoyo kwenye ndoo. Hakuna aliyemsalimia wala kumwomba ruhusa. Mama yangu alimsalimia, tukanunua vikombe vitano. Nilimwuliza kama kampuni yenu inamlipa chochote. Aliniambia magari yenu yanakuja mara kwa mara, watu wanapiga picha, wanaondoka, na hakuna anayenunua kwa kuwa wamekatazwa kula sokoni. Picha ya ndoo yake nimeiona kwenye tangazo lenu.

Kwa hiyo naomba haya. Nirudishiwe dola 75, nusu ya nilicholipa, kwa kuwa njia, lugha na chakula havikuwa vile mlivyouza. Tangazo lisahihishwe, na yule mama wa munkoyo aombwe ruhusa na alipwe kwa picha yake, au mwiondoe. Kiongozi apewe uhuru wa kusema habari za 1941, na maneno ya "pori tupu" yafutwe kwenye karatasi zenu.

Naongeza pendekezo, kwa sababu mji huu unastahili matembezi haya na ningependa yafanikiwe. Toeni watu stesheni, wavuke ukanda ule kwa miguu hadi Kamalondo, wale kwa mama mwenye jiko lake, bukari ikitoka motoni, na kwa kila mtaa mlipeni mzee mmoja aketi na wageni aongee kwa Kiswahili, kijana wenu atafsiri. Pesa mnazolipa mkahawa zinatosha kwa hayo. Orodha ya vyakula ifuate majira: bowa na viwavi kwa miezi ya mvua, kiangazi mtafute kingine.

Nangoja jibu lako la maandishi kabla ya tarehe 16 Septemba. Ukipenda kuzungumza na mama yangu kabla ya kupanga upya maelezo yenu, amekubali kukupokea nyumbani. Namba yangu ya simu iko kwenye risiti.

Kwa heshima,

Mteja wenu, mkazi wa Katuba

Kiambatisho: nakala ya risiti na ya tangazo