Umeshamwona, ila hujamjua

Swahiba,

Salamu nyingi kutoka huku Tanga. Sisi hatujambo, mvua tu ndiyo imetuzidi. Ule ujumbe wako wa sauti nimeusikiliza wote, hadi pale ulipoanza kutukana. Kumbe kwenye tamthilia wamekupa tena uigize mlinzi wa getini, na safari hii mlinzi mwenyewe hata jina hana! Pole sikupi, najua umeshazipokea za kutosha. Nitakupa habari za mwigizaji mmoja anaitwa Noble Johnson. Nimekuwa nikimsaka kwenye picha za zamani za Hollywood, na kila nikimkuta wewe ndiye unayenijia akilini.

Jina lake hulijui, lakini mtu mwenyewe umeshamwona. Ile King Kong ya kwanza kabisa, ya 1933, yenye rangi nyeusi na nyeupe: yule chifu wa kisiwani aliyevaa manyoya, ndiye yeye. Kaitazame tena sehemu ile. Wageni wa melini wamejibanza wanachungulia ngoma, chifu anawabaini, ngoma inakatika. Kisha anawaendea, taratibu, mtu aliye kwake. Max Steiner, mtunzi wa muziki wa picha ile, aliupanga muziki ufuate nyayo za chifu: mguu ukigusa chini, ala zinagonga. Hebu fikiria, okestra nzima inasubiri mguu wa mtu ambaye hata si stelingi! Halafu anamwona yule binti mwenye nywele za dhahabu, anataka kumnunua kwa kutoa wanawake sita wa kwake. Maneno anayoyasema mtazamaji haambulii hata moja, nahodha ndiye anayewafasiria wenzake. Kwa hiyo kila kitu kinabebwa na macho, mabega na ule mwendo. Mimi nimeirudia mara nyingi na sijaona mahali alipopitiliza.

Sasa mtafute kwingine. Mwaka 1924 yumo kwenye The Thief of Bagdad, ni mwana wa mfalme kutoka India, amekuja kumposa binti wa Khalifa. (Katika kundi hilohilo la wachumba, mwana wa mfalme wa Uajemi, yule mnene, ameigizwa na mwanamke Mfaransa aliyebandikwa masharubu. Hollywood ya siku zile haikuwa na haya.) Mwaka huohuo ni mkuu wa wala watu anayemwandama Buster Keaton kwenye The Navigator. Mwaka 1932 ni Mnubi, mtumishi anayetawaliwa akili na Boris Karloff kwenye The Mummy. Na mwaka 1949, umri ukiwa umekwenda, ni chifu wa Wahindi Wekundu, Red Shirt, katika picha ya John Ford na John Wayne, She Wore a Yellow Ribbon.

Kali kuliko zote ni The Most Dangerous Game, nayo ya 1932. Humo ni Ivan, mtumishi bubu wa tajiri wa Kirusi anayewinda binadamu. Ivan ni Mkosaki, yaani mzungu, na Noble Johnson alikuwa Mmarekani mweusi. Wakampaka weupe, wakambandika ndevu nzito, mambo yakaisha. Miaka ile wazungu kupakwa masizi ili waigize weusi lilikuwa jambo la kawaida kabisa. Kinyume chake, mweusi kupakwa weupe acheze mzungu, ndiyo hiyo nimeiona hapo. Na picha hiyo ilipigwa kwenye msitu uleule wa bandia wa King Kong, ndani ya studio za RKO, na baadhi ya waigizaji ni walewale. Yaani jamaa kwenye miti ileile alikuwa Mrusi, na kwenye miti ileile akawa chifu wa kisiwa cha kubuni.

Utaniuliza iliwezekanaje. Kwanza, alikuwa maji ya kunde, tena wa kung'aa, jitu refu la futi sita na zaidi, lenye kifua. Pili, picha hazikuwa na rangi. Mikanda ya filamu iliyotumika kwenye kamera hadi katikati ya miaka ya 1920 ilikuwa haioni wekundu: chochote chenye wekundu, hata midomo ya mtu, kilitoka cheusi. Ngozi ya mtu kwenye pazia haikuwa ile aliyozaliwa nayo, ilikuwa ile waliyoikubali mpiga picha, mtu wa vipodozi na mtu wa taa. Noble aliliona hilo mapema, akaligeuza kuwa mtaji. Wenzake weusi wengi walibaki na wapishi, watwana na wachekeshaji. Yeye alikuwa Mwarabu, Mhindi, Mmeksiko, Mpolinesia, mzimu, jini, chochote ulichotaka. Picha zake zimepita 100, na nyingi kati ya hizo jina lake halikuandikwa popote.

Alizaliwa Aprili 1881 kule Marshall, Missouri, akakulia Colorado Springs, milimani. Baba yake alikuwa mfunzaji wa farasi, na kijana akaacha shule mapema kumfuata kwenye mashindano na mazizi. Alichunga ng'ombe, akafanya vibarua vya kila namna. Inasemekana shuleni alikuwa pamoja na Lon Chaney, yule aliyekuja kusifiwa kwa kuwa na nyuso elfu moja. Mji mmoja mdogo umetoa watu wawili wa kubadilika sura! Chaney akafa nyota, jina lake juu ya pazia. Huyu wa pili aliandikwa "Chifu wa Kienyeji".

Sinema ilimkuta, hakuifuata. Katikati ya miaka ya 1910 kampuni ya Lubin ya Philadelphia ilikuwa Colorado ikipiga picha za wachunga ng'ombe, mwigizaji mmoja akaumia, wakataka mtu anayejua farasi kwelikweli. Akaitwa Noble, akapewa nafasi ya Mhindi Mwekundu. Basi ikawa hivyo hadi 1950.

Lakini ngoja, bado sijafika kwenye lile lililonifanya nikuandikie.

Mwaka 1915 ilitoka The Birth of a Nation, picha iliyowatukana weusi kuliko zote zilizotangulia, wazungu waliopakwa masizi wakiigiza weusi wabakaji na wezi. Weusi wakaipinga, lakini wazungu wengi wakaishangilia. Mwaka uliofuata Noble na wenzake wakaanzisha kampuni yao, Lincoln Motion Picture Company, wakaiweka Los Angeles, yeye akiwa rais. Mweka hazina alikuwa mfamasia, Dkt. James T. Smith, na katibu ni mwigizaji Clarence Brooks. Mdogo wake Noble, George, alikuwa karani wa posta huko Omaha, Nebraska. Akimaliza barua za serikali anaanza za kampuni: kutafuta kumbi, kupanga tarehe, kudai pesa. Picha zilionyeshwa kwenye majumba ya sinema ya weusi, makanisani, mashuleni. Na mtaji? Sehemu kubwa ni ujira wa Noble mwenyewe. Anakwenda studio ya Universal, anacheza adui kwenye picha za mfululizo, anapokea chake, anakileta Lincoln.

Picha yao ya kwanza ilikuwa The Realization of a Negro's Ambition, ya 1916, na humo Noble ndiye stelingi. Anaitwa James Burton, kijana aliyehitimu uhandisi Tuskegee, chuo cha weusi. Anaondoka shambani kwa baba yake kwenda kutafuta kazi kwenye visima vya mafuta California, ananyimwa kwa sababu ya rangi yake. Mara farasi wa kigari wanaharuka, kigari kina binti wa mwenye kampuni, James anamwokoa na kazi anapewa. Akiwa kazini anagundua kuwa ardhi ile inafanana na ya kwao. Anarudi nyumbani, anachimba, mafuta yanatoka, anamwoa mchumba wake wa zamani. Unacheka? Cheka tu, hadithi ni nyepesi. Ila hakuna mtumwa humo, hakuna wa kuiba kuku, hakuna mchekeshaji wa kutumbua macho. Kuna mhandisi. Nadhani mtu aliyekaa ukumbini mwaka ule alielewa kilichokuwa kikisemwa.

Ya pili ilihusu mapigano ya Carrizal huko Mexico, Juni 1916, walikopigana askari weusi wa kikosi cha 10 cha wapanda farasi. Noble akacheza mvivu wa mtaani anayejiunga na jeshi na kuishia kumwokoa kapteni wake. Ikafuata The Law of Nature mwaka 1917.

Hapo sasa ndipo mambo yalipoharibika. Kwa maelezo ya George, wenye kumbi kwenye mitaa ya weusi walianza kuandika jina la Noble Johnson kwa herufi kubwa. Ukumbi huu una picha ya Lincoln, ule jirani una picha ya Universal, na watu wanaingia kwa Lincoln. Universal wakamwita. Achague: ajitoe Lincoln na kampuni iache kutumia jina na picha yake kwenye matangazo, au kazi kwao imekwisha. Akajiuzulu mwaka 1918.

Watu wamemsema sana kwa hilo, nami naona wanamwonea. Lincoln ilikuwa inakula mshahara wa Universal. Angekataa, vyote viwili vingekufa siku moja, kwa sababu kampuni yenyewe haikuwa na fedha nyingine ya maana. Vilevile siwezi kumfanya shujaa. Baada ya hapo aliendelea kuvaa manyoya na kushika mkuki kwa zaidi ya miaka 30, na baadhi ya picha hizo ni matusi matupu kwa watu wa rangi yake, hakuna namna ya kuzipamba. Hapo akili yangu inagoma, na nimeiacha igome.

Lincoln iliendelea kidogo bila yeye. Brooks akawa stelingi, homa kubwa ya 1918 ikafunga kumbi, fedha zikakauka. Picha ya mwisho ilitoka 1921, na 1923 wakafunga duka. Mwaka 1918 George aliona tangazo la riwaya ya mkulima mmoja mweusi, akamwandikia kutaka kuifanya picha. Mkulima akakubali, kwa sharti kwamba aende Los Angeles kusimamia mwenyewe. Lincoln wakakataa. Jamaa akasema basi nitaipiga mimi. Alikuwa Oscar Micheaux, na The Homesteader aliyoitoa 1919 ilimfungulia njia ya kutengeneza picha kwa miaka karibu 30. Kwa hiyo hata kukataa kwao kulizaa.

Linaloniuma ni hili. Zile picha za Noble akiwa mhandisi na askari, hakuna hata moja iliyopona. Zimepotea zote. Kilichobaki cha Lincoln ni vipande vya dakika chache vya ile picha ya mwisho, ambamo yeye hayumo. Tunaye Mrusi, Mnubi, mla watu, chifu wa gorila. James Burton hatunaye, zimebaki karatasi tu, nazo zimebaki kwa sababu ya yule karani wa posta. George alikuwa hatupi kitu: barua, matangazo, picha za mnato, vipande vya magazeti. Leo maboksi yake yako Chuo Kikuu cha California, Los Angeles. Noble mwenyewe alistaafu akanyamaza. George alifariki 1977, kaka yake akamfuata Januari 1978 akiwa na miaka 96.

Sasa nikurudie wewe. Mradi wako wa picha ya dakika 20 uliouzungumza Idd iliyopita umeishia wapi? Usinijibu kuhusu kamera. Nakuuliza kuhusu hati: mkataba wako na hao wa tamthilia unakuruhusu kuigiza katika picha yako mwenyewe, na kutumia jina lako kwenye bango? Usome kabla hujaanza, tena msomeshe na mtu wa sheria. Na kila unachokirekodi kiweke sehemu mbili tofauti, kisibaki kwenye simu moja.

Picha tatu nimekuwekea kwenye flashi: ya Bagdad, ya Keaton na ile ya Mrusi bubu. Haki zake zilishakwisha, ziko mtandaoni bure, lakini najua bando lako lilivyo. Anza na ya Mrusi. Kuna pahala anasimama mlangoni tu, hana la kusema. Mtazame alivyoweka mikono, kisha uniambie wewe mwenyewe kazini kwako unaiweka wapi, maana mara ya mwisho nilipokuona kwenye runinga ulikuwa umeikunja kama mtu anayesubiri daladala.

Flashi ataileta shemeji yako, anashuka Dar Ijumaa kwa basi la asubuhi. Atakupigia akifika Magufuli. Mama anakusalimu, anauliza lini utamletea wajukuu wamwone. Wasalimie wote hapo nyumbani.

Wako,
Swahiba wa Tanga