Nyota yako haijafungwa, mwanangu

Kibosho, Moshi
Jumapili jioni, mwisho wa Februari

Mwanangu mpenzi Upendo,

Ujumbe wako niliusoma jana usiku, nikaurudia leo baada ya misa. Nimeona nikuandikie kwa kirefu, maana kwenye simu tungekatishana maneno. Unasema mtabiri mmoja huko Dar amekuambia nyota yako imefungwa, ndiyo maana umeitwa kwenye usaili mara mbili na mara zote umekosa kazi. Anataka shilingi 150,000 aisafishe. Halafu ukamalizia na swali lililoninyima usingizi: "Mama, mbona Babu naye alikuwa anatabiri mvua, na inanyesha? Tofauti iko wapi?"

Ni swali la haki, nami sitakuficha: Babu yako alisoma dalili maisha yake yote. Februari ikifika ukingoni alikuwa anaamka kabla ya alfajiri, blanketi begani, anasimama pale kwenye isale, ule mmea wa mpakani, na kuitazama Mawenzi, kilele cha pili cha Kilimanjaro. Anaangalia mawingu yamelala upande gani, upepo wa kaskazi umelegea au bado. Siafu wakianza kupanda kutoka bondeni kuja nyumbani, anawafuata kwa macho mpaka mwisho wa msafara. Ndege dudumizi akilia kwenye vichaka vya mfongo, mfereji wetu wa maji, ule mlio wa maji yakimiminwa kutoka kwenye chupa ya shingo nyembamba, anainua kidole tunyamaze asikilize.

Lakini hakupanda kwa sababu ya dudumizi. Mvua ya kwanza ikishanyesha, alishuka mwenyewe mpaka shamba la tambarare, akachimba kwa jembe, akachota udongo wa chini na kuufinyanga kiganjani. Tonge likivunjika, anarudi nyumbani bila neno. Likishikana, ndipo anasema kesho twende. Na hata hapo hakuwahi kupanda mbegu yote. Debe moja liliingia ardhini, debe la pili lilibaki juu darini, kwenye moshi wa jiko, lisiliwe na wadudu.

Nikiwa bado bibi harusi humu ndani, mwaka mmoja mvua ilinyesha siku mbili, tonge likashikana vizuri, tukapanda. Kisha ikakata wiki tatu. Mahindi yalikuwa yamefika kifundoni, yakajikunja kama karatasi iliyopitishwa motoni. Jioni hiyo mkwe wangu alituita wote, na watoto, akasema: "Nimekosea. Kesho tunashusha mbegu ya juu." Mzee mwenye heshima zake, mbele ya wakwe na wajukuu. Upendo, muulize huyo mtabiri wako lini alisema maneno hayo.

Wahenga waliposema dalili ya mvua ni mawingu, hawakubahatisha. Mvua inatoka humo humo mawinguni. Siafu wanahama kwa sababu unyevu umebadilika chini walikokaa. Kati ya dalili na jambo lenyewe kuna kamba, hata kama huioni yote. Sasa niambie, kati ya nyota na ile ofisi iliyomwajiri mwingine, kamba iko wapi?

Najua utaniletea habari ya bundi. Ni kweli Bibi yako alipougua, bundi alilia juu ya mparachichi usiku tatu, na siku ya nne Bibi akatutoka. Nyumba nzima ilisema ndege amekuja kumwita. Mimi ndiye niliyekesha naye, nami nitakueleza nilichokiona. Taa ya nje iliwaka mpaka asubuhi, jambo ambalo hatukuwa tukifanya. Wadudu wakajaa kwenye taa, mijusi ikafuata wadudu, na panya walikuwa kwenye pumba zilizomwagika karibu na banda la mbuzi, kwa sababu hakuna aliyekuwa na nafasi ya kufagia. Bundi alikuja kula. Tena, usiku mwingine wote wa mwaka ule alikuwa analia vilevile, sisi tukiwa tumelala. Na usiku uliozaliwa wewe alilia pia! Hakuna aliyehesabu.

Nilipokuwa nafundisha historia nilipenda kuwaeleza wanafunzi kwamba jambo hili ni la binadamu wote. Babeli ya kale walikuwa na mfano wa ini la kondoo uliofinyangwa kwa udongo, umegawanywa vyumba vidogo vidogo na maandishi, wa kuwasaidia kusoma ini la mnyama aliyechinjwa, kama wazee wetu walivyosoma utumbo wa mbuzi wa tambiko. Warumi walitazama ndege kabla ya kuamua mambo makubwa ya dola yao. Na Kiswahili chetu mpaka leo kinasema ndege njema na ndege mbaya, kwa maana ya bahati iliyo mbele. Kutaka kujua kesho si ujinga, mama. Aliyekosa kazi mara mbili ana haki ya kutaka kujua.

Kinachoniuma ni kingine. Unasema alikushtua kwa kujua una kovu mguuni na kwamba kuna mwanamke wa karibu, wa upande wa baba, asiyekutakia mema. Kovu! Mtoto gani wa Kibosho aliyekata majani ya ng'ombe hana kovu la panga au la mundu? Na mwanamke wa upande wa baba, ni nani asiye naye? Alitupa wavu mpana, samaki ukamtia wewe mwenyewe: Shangazi yako. Sasa naelewa kwa nini hupokei simu zake tangu Krismasi. Alikuja hapa Jumatano, akakaa kwenye kile kiti cha Babu, akaniuliza kwa sauti ya chini kama kuna mahali alikukosea. Sikuwa na jibu.

Hiyo ndiyo inaitwa ramli chonganishi, na Januari 2015 serikali iliwapiga marufuku wapigaji wake, baada ya ndugu zetu wenye ualbino kuuawa kwa imani za kishirikina. Usukumani bibi vizee wameuawa kwa kuwa macho yao ni mekundu, macho yaliyoivishwa na moshi wa jiko miaka hamsini. Mtu alisoma dalili, mwingine akachukua panga. Ndiyo maana siwezi kulichukulia kama mchezo.

Usidhani nasema wasomi hawakosei. Mwaka 2002 wanasayansi wakiongozwa na Lonnie Thompson wa Marekani walipiga hesabu kwamba barafu ya Kibo, kilele kikuu cha Kilimanjaro, ingekwisha kati ya 2015 na 2020, hali ikiendelea ilivyokuwa. Leo asubuhi nimeiona kwa macho yangu nikitoka kanisani, nyembamba, imekatika vipande, lakini ipo. Mwaka waliukosa. Ila walikuwa wamepima, toka 1912 hadi 2000 barafu ilishapungua kwa asilimia 80 hivi, wakaandika tarehe ambayo mtu yeyote wa Moshi angeweza kuinua kichwa na kuihakiki. Mamlaka ya Hali ya Hewa nao hupima joto la bahari, kisha hutangaza. 2023 walisema mapema vuli itakuwa ya El Nino, mvua kupita kawaida, na ikawa. Mtabiri wako hakukupa tarehe. Ukipata kazi atasema ni usafi wake, ukikosa atasema uchafu bado, ongeza hela.

Hiyo 150,000 usimpe. Kata tiketi, uje. Dudumizi ameanza kulia huku chini, lakini upepo bado, nadhani tuna wiki mbili. Zile barua zako za maombi ya kazi zilete tuzisome pamoja, na uniambie waliokufanyia usaili walikuuliza nini na ulijibuje, kwa sababu hapo huenda kuna kitu cha kurekebisha.

Shangazi yupo hapa sasa hivi, anachambua maharage ya mbegu kwenye ungo, anatoa yaliyotobolewa moja moja. Ameniuliza naandika nini, nikamwambia namwandikia Upendo. Hakusema kitu. Amechota maharage mazuri, akayatia kwenye debe lako na kulipandisha darini mwenyewe. Ukishuka stendi, mpigie yeye kwanza.

Mama yako